Smoktunovsky na ile filimbi

Nikiwa kidato cha pili nilifundishwa kwamba kuigiza ni kupaza sauti, na imenichukua zaidi ya miaka ishirini kulitoa hilo kichwani. Mazoezi tulikuwa tunafanyia bwaloni. Mwalimu wetu wa maigizo alikuwa anakaa benchi la mwisho kabisa, karibu na mlango wa jikoni, kijiti mkononi. Ukishusha sauti kidogo tu, anagonga benchi: "Sisikii!" Hata kama unakufa jukwaani, ulitakiwa ufe kwa sauti inayowafikia wapishi. Simlaumu. Bwalo lilikuwa la mabati, na mvua ikianza hata kengele ya chakula ilikuwa haisikiki.

Basi miaka imepita, nimekuwa mtu mzima mwenye kikundi chake kidogo cha maigizo cha mwisho wa wiki, na usiku mmoja bando linakaribia kuisha muda wake nikaona bora nilimalizie kwa filamu. Nikaangukia "Hamlet" ya Kirusi ya mwaka 1964, nyeusi na nyeupe, saa mbili na dakika ishirini, maandishi ya chini yakienda mbio. Nilijua kabisa nitasinzia. Nilipofika kwenye tukio la filimbi nikakaa kitako.

Kisa wengi mnakijua. Hamlet ni mwana wa mfalme wa Denmark. Baba yake mdogo amemuua kaka yake, yaani baba wa Hamlet, kachukua kiti, kamrithi na mjane. Kijana anajua, na mfalme anahisi kwamba kijana anajua, kwa hiyo amewatuma marafiki zake wawili wa utotoni, Rosencrantz na Guildenstern, wamchimbe kidogo kidogo mpaka atoe siri. Hamlet anachukua filimbi, anampa mmoja wao. Piga. Siwezi, bwana wangu. Nakuomba. Sijui hata pa kushika. Mbona rahisi tu, anamwambia, kama kusema uongo.

Hapo ndipo waigizaji wengi wanapolipuka, na maneno yenyewe yanaruhusu: mnanidharau kiasi gani, mnadhani mimi ni rahisi kupigwa kuliko kipande hiki cha mti? Mwigizaji huyu wa Kirusi hakulipuka. Alizungumza kama anayemwelekeza mgeni njia ya kwenda stendi. Uso mwembamba, nywele nyeupe za kupaka dawa, macho yasiyopepesa. Kadiri hasira ilivyopanda, ndivyo sauti ilivyoshuka, mpaka mimi niliyekuwa peke yangu chumbani nikaisogeza simu sikioni. Nilikuwa natazama filamu kwa sikio, kwa lugha nisiyoijua.

Maneno ya Kirusi katika filamu ile ni ya Boris Pasternak, aliyejikita kwenye tafsiri katika miaka ambayo mashairi yake mwenyewe yalikuwa hayapitishwi kirahisi kwenda mitamboni. Pale kwenye filimbi alitumia kitenzi chenye sura mbili: kuivuruga ala ipoteze ulinganifu wake, na kumvuruga mtu moyo. Mnaweza kunivuruga, anasema Hamlet wake, lakini kunipiga hamwezi. Nikacheka peke yangu, maana Kiswahili kingempa Pasternak kitu kingine kabisa. Sisi neno letu la filimbi ndilo lile lile la kipigo. Mwalimu Nyerere alitafsiri tamthilia mbili za Shakespeare lakini hii hakuigusa, na nina uhakika pale angetabasamu.

Mwigizaji mwenyewe anaitwa Innokenty Smoktunovsky. Tangu usiku ule nimemfuatilia kama mtu anavyofuatilia deni.

Alizaliwa tarehe 28 Machi 1925 katika kijiji cha Tatyanovka, Siberia, upande wa Tomsk. Jina la ukoo lilikuwa Smoktunovich. Hilo la pili litakuja. Njaa ya mwanzoni mwa miaka ya 1930 ilipobana, wazazi wake wakampeleka kwa shangazi yake mjini Krasnoyarsk akalelewe huko. Alijaribu chuo cha utabibu akaacha, akasomea kuendesha mashine za kuonyeshea sinema. Vita vikamkuta hapo. Baba yake alikwenda vitani na hakurudi.

Januari 1943 na yeye akaitwa, akapelekwa shule ya maofisa. Huko akafanya kosa lililoamua mengi yaliyofuata: wakati wa mafunzo alikutwa shambani akiokota viazi vilivyosahaulika baada ya mavuno. Njaa tu. Adhabu yake, ndoto ya uofisa ikafutwa na Agosti mwaka huo akatupwa mstari wa mbele kama askari wa kawaida. Alipita Kursk. Kwenye mto Dnieper alivuka na taarifa za kijeshi risasi zikimnyeshea, akaandikiwa medali ya ushujaa, ambayo kwa wakati ule hakuiona hata kwa macho. Ishikeni hiyo medali.

Desemba 1943 alitekwa na Wajerumani. Alikaa mateka kama mwezi hivi, halafu wakiwa wanaswagwa kwa miguu kuelekea magharibi akachomoka. Alivyosimulia mwenyewe, alijificha chini ya daraja na msafara ukapita juu yake. Akatembea mpaka miguu ikakataa, akagonga mlango wa nyumba moja ya wakulima wa Ukraine, wakamfungua. Kumficha askari aliyetoroka ilikuwa ni kuweka rehani shingo za nyumba nzima. Walimficha karibu mwezi mzima, akanawiri, akaingia msituni kwa wapiganaji wa chinichini, kisha akarudi jeshini na kumalizia vita Ujerumani akiwa na medali ya pili.

Unaweza kudhani mtu kama huyo alirudi kwa vigelegele. Lakini katika Umoja wa Kisovyeti wa Stalin kutekwa kulikuwa doa. Amri ya Agosti 1941 iliwahesabu waliojisalimisha kuwa wasaliti, na wengi waliotoka kambi za Wajerumani walihojiwa kana kwamba walikwenda huko kutalii. Smoktunovsky alisema alizuiwa kuishi kwenye miji mikubwa. Alisoma uigizaji kidogo Krasnoyarsk, halafu mwaka 1946 akachukua uamuzi ambao ukiutazama haraka utaona wazimu: akaenda Norilsk mwenyewe, kwa hiari, kuigiza.

Norilsk iko juu ya mzingo wa Aktiki. Ni mji wa nikeli uliojengwa na wafungwa wa kambi za kazi ngumu, jua halichomozi kwa wiki nyingi za kipupwe. Hesabu yake ilikuwa ya mtu anayejua serikali yake: wakiamua kunihamishia mbali, watanipeleka wapi zaidi ya hapa? Kama ni Siberia, ndiyo hii. Akajificha kwenye mdomo wa simba. Huko huko ndiko akashauriwa abadilishe jina lisomeke vizuri kwenye tangazo la onyesho, Smoktunovich akawa Smoktunovsky. Akaigiza miaka kama minne, akapata kiseyeye kwa kukosa mboga na matunda, meno yakaanza kumwacha.

Ndani ya kundi lile alikuwemo Georgi Zhzhyonov, mwigizaji aliyekamatwa mwaka 1938, akapita kambi za Kolyma, kisha akahamishiwa Norilsk. Huyu ndiye aliyemwona. Alimwambia aondoke, akamwandikia na barua ya kumtambulisha kwa Arkady Raikin, mchekeshaji mkubwa wa Leningrad. Mara nyingi namfikiria Zhzhyonov akiandika ile barua. Yeye mwenyewe hana ruhusa ya kwenda popote, na anamsukuma mwenzake mlangoni.

Barua haikuzaa kitu mara moja. Alizunguka: Makhachkala kando ya bahari ya Kaspi, Stalingrad, na mwaka 1955 Moscow, bila kazi wala pa kulala. Maisha ya Moscow ya mwaka ule ndiyo yanayosimuliwa sana: kulala kwenye ngazi za majengo ya watu, kuvaa suti ya kuteleza kwenye theluji katikati ya kiangazi kwa sababu ndiyo nguo aliyokuwa nayo, kumbi za maonyesho kumfungia mlango moja baada ya nyingine. Alikuwa na miaka 30, meno mabovu, cheti cha maana hana.

Hapa naomba nitofautiane na karibu kila niliyemsoma. Wote wanafika hapa na kutikisa kichwa: mateso yalimfunza, ndiyo maana akaigiza vile. Siamini. Waliotekwa walikuwa mamilioni na wenye kiseyeye Norilsk hawahesabiki, Hamlet mbona akatoka mmoja? Mateso yalimpa hofu, na hofu hiyo hakuificha. Kilichompa uigizaji ni kazi, tena kazi iliyokuwa inamshinda mbele ya watu.

Katika filamu yake ya kwanza, chini ya mwongozaji Mikhail Romm, alipewa nafasi ndogo ya dakika chache. Maneno yakamkwama kooni. Wakapiga tena, yakakwama. Tena. Mkanda unaliwa, mafundi wa taa wanatazamana, na kila aliyesimama pale anajua kwamba mtu huyu hawezi. Romm akasimamisha, akawaambia wote watulie, akampa muda bila kumgombeza, na mwishowe ikatoka. Ivan Pyryev, aliyekuwa mkubwa wa studio ya Mosfilm, akamuombea kazi Leningrad. Huko akaigiza "Askari", filamu ya vita ya Stalingrad, kama luteni Farber, mwanaume mwenye miwani asiyefanana na askari hata kidogo.

Mwongozaji Georgy Tovstonogov alikuwa akiandaa kuipandisha jukwaani riwaya ya Dostoevsky kuhusu Myshkin, mwinyi wa ukoo mkongwe na mtu mwema kupita kiasi ambaye dunia inamwita mpumbavu. Alikuwa hana wa kumpa nafasi hiyo. Akayakumbuka macho ya yule Farber. Na hapo mambo yakaharibika tena. Mazoezi yalienda miezi, Smoktunovsky akiboronga siku baada ya siku, wenzake wakinong'ona kwamba mkubwa safari hii amekosea. Yeye mwenyewe alitaka kuondoka.

Kilichomwokoa alikisimulia mwenyewe. Siku moja kwenye ujia wa studio ya Lenfilm, katikati ya vurumai ya watu wanaokimbizana na mavazi na taa, alimwona mtu amesimama anasoma kitabu. Basi. Amesimama tu, kajitenga bila kumpa mtu kisogo, kama kelele zile zinampita pembeni. Smoktunovsky akagutuka: ni huyu. Baadaye akaambiwa kwamba mtu yule alikaa miaka kumi na saba kambini. Akarudi mazoezini na namna ile ya kusimama, shingo ile, mikono isiyojua iwekwe wapi, na sauti ikafuata mwili.

Mnaona alichofanya? Alikuwa na mateso yake mwenyewe ya kutosha kujaza ukumbi, hakuyachota. Alikwenda kutazama shingo ya mtu mwingine.

Onyesho lilifunguliwa tarehe 31 Desemba 1957, usiku ambao Warusi wote wanawaza meza ya mwaka mpya. Kuanzia hapo watu walisafiri kutoka Moscow kwenda Leningrad kuliona. Miaka kadhaa baadaye, mwaka 1966, likapelekwa London na Paris. Filamu nzima ya onyesho lile haipo, kuna vipande na picha na maneno ya walioona, na wote wanarudia jambo moja: kwamba alikuwa anasikiliza. Wengine wanasema maneno yao, na ukumbi mzima unamtazama yeye asiyesema.

Mwaka 1960 aliondoka kwa Tovstonogov kufuata filamu. Ilikuwa talaka, na kama talaka nyingi kila mmoja alibaki na toleo lake. Mwaka 1962 alitoka kwenye "Siku Tisa za Mwaka Mmoja" ya Romm yule yule, akiwa mwanafizikia mcheshi. Halafu mwongozaji Grigory Kozintsev akampigia hodi na Hamlet.

Sitaisimulia filamu nzima. Nitasema ya jiwe, chuma na bahari. Kozintsev aliijaza ngome milango mizito, daraja la kuvutwa juu, walinzi kila kona. Ofelia, mpenzi wa Hamlet, aliyeigizwa na Anastasiya Vertinskaya akiwa bado binti, anavalishwa kizibao cha chuma cha kubana kiwiliwili kabla ya gauni la msiba, na wanawake wanaomfunga hawamtazami usoni. Muziki ni wa mtunzi Shostakovich. Katikati ya mzigo wote huo anatembea mtu mmoja aliyevaa nyeusi. Yale maneno maarufu ya kuwa au kutokuwa hayasemi kwa mdomo. Anatembea ufukweni kwenye majabali na sisi tunayasikia yakipita kichwani mwake. Mwalimu wangu wa bwaloni angevunja kijiti.

Kozintsev na Smoktunovsky hawakupatana. Mwongozaji alitaka picha yake kubwa, mwigizaji alitaka binadamu, na baadaye hakuficha kinyongo. Tuzo zikaja hata hivyo: tuzo maalum ya majaji Venice mwaka 1964, Tuzo ya Lenin mwaka 1965. Mimi naona ugomvi ule uliisaidia filamu. Ngome inambana kweli.

Halafu, mwaka ule ule wa safari ya London, akafanya ninachokipenda zaidi hata ya Hamlet, msiniulize kwa nini. "Jihadhari na Gari" ya Eldar Ryazanov ni kichekesho. Yuri Detochkin, wakala wa bima, anaiba magari ya wala rushwa, anayauza, na pesa anazipeleka kwenye vituo vya watoto yatima, baada ya kukata nauli yake ya halali na kuitunzia risiti. Jioni anaigiza kwenye kikundi cha ridhaa. Anaigiza nini? Hamlet. Na anayepigana naye kwa panga kama Laertes ni mpelelezi anayemsaka, aliyechezwa na Oleg Yefremov. Ni mwanaume huyo huyo aliyewatetemesha watu miaka miwili nyuma, sasa anajicheka kwa koti lililopauka na kofia iliyokaa vibaya. Mahakamani anajitetea kwa sauti ile ile ya filimbi, ya chini, ya kuelekeza mtu stendi, na badala ya kutetemeka unataka kumkumbatia.

Yefremov ndiye baadaye aliyeongoza Ukumbi wa Sanaa wa Moscow, nyumba ya Chekhov, na mwaka 1976 akamleta Smoktunovsky hapo aigize Ivanov katika tamthilia ya Chekhov yenye jina hilo. Kabla ya hapo, mwaka 1973, alikuwa ameigiza Fyodor kwenye ukumbi wa Maly, mfalme mpole ambaye upole wake unaivunja nchi. Na mwaka 1984, chini ya mwongozaji Lev Dodin, akageuza kila kitu kichwa chini: akaigiza Yudushka wa Golovlyov, mnafiki wa sala na maneno matamu anayeimaliza familia yake mwenyewe. Sauti ikabaki ndogo. Sasa ilikuwa ya mtu anayekukaba kwa leso.

Nikisema aliigiza vizuri kila mahali nitakuwa mwongo. Alikubali filamu nyingi mbovu, na hakuona aibu kusema kwamba ana familia ya kulisha. Mtu aliyelala kwenye ngazi za watu hakatai kazi, hilo namwelewa. Lakini kuna filamu nimezizima dakika ya kumi: zile kigugumizi na pumzi za katikati ya sentensi, zilizokuwa uhai kwa Myshkin, zimegeuka mazoea, kama kiungo kilichotiwa hata kwenye chai. Halafu unakutana na sauti yake bila sura kwenye "Kioo" ya Tarkovsky ya 1975, akiwa msimulizi tu haonekani, na unamsamehe yote.

Ile medali ya Dnieper ilimfikia takriban miaka hamsini baada ya vita. Walimpa jukwaani, baada ya onyesho, watazamaji wakiwa bado vitini. Alifariki tarehe 3 Agosti 1994 na kuzikwa makaburi ya Novodevichy, Moscow. Kuna kijisayari kidogo kinachozunguka jua, namba 4926, kimepewa jina lake, lile la Norilsk.

Mwezi uliopita kikundi chetu kilikuwa na onyesho kwenye ukumbi wa kukodi. Kijana wetu alikuwa na tukio la kumkabili baba yake mdogo aliyeuza shamba la marehemu. Nilimzoeza wiki tatu: shuka, usipande, acha wakufuate. Mazoezini ilifanya kazi mpaka mlinzi wa ukumbi akabeba kiti chake kutoka getini akaja kukaa safu ya tatu. Siku yenyewe jenereta lilikuwa linanguruma dirishani, wauza karanga wanapita, kijana akaanza kwa sauti yake ya chini, safi kabisa, nikashika pumzi. Kutoka nyuma mtu akapaza: "Hatusikii!" Kijana akanitazama kwa nukta moja pale nilipojibanza kando ya pazia. Nikatikisa kichwa, usipande. Akapanda. Makofi yalikuwa mengi sana.